Mchuzi Mzito wa Kuchovya, na Korosho Zetu Wenyewe

Khabari hii twaiandika kwa ajili ya akina mama wenye nyumba, na kwa akina baba wapendao kula vizuri lakini hawapendi kuuliza kilichoko chunguni kimepikwaje. Ni khabari ya mchuzi mzito, laini kama maziwa, wenye pilipili na ladha ya jibini, ambao mtu huchovya ndani yake kipande cha muhogo au cha chapati akala. Lakini kabla ya kufika jikoni hatuna budi kueleza kosa tulilolifanya sisi wenyewe, maana kosa hilo ndilo lililotupeleka jikoni.

Katika mwezi wa Ramadhani wa mwaka 1444 Hijria, yaani Machi na Aprili 2023, baada ya sala ya Alasiri, alitujia hapa chuoni kwetu Newala mama wa mwanafunzi wetu mmoja. Alikuwa amefunga kitu katika pindo la khanga yake. Alipokifungua tuliona chupa ya kioo, ndani yake mna kitu kizito cha rangi ya manjano, na ubavuni pana picha ya pilipili na maandishi madogo madogo ya kigeni. Akatuambia, "Maalimu, mwanangu mkubwa amekuja kutoka Dar es Salaam, ameniletea hiki tufuturie na muhogo. Asema ni mchuzi wa jibini. Je, chafaa?"

Sisi tumesoma Kurani na vitabu vya madrasa, na katika shule ya serikali tukaishia darasa la saba, basi maandishi yale hatukuweza kuyasoma. Tulilolijua ni moja tu: kwamba jibini aghlabu hugandishwa kwa chachu itokayo tumboni mwa ndama, na ndama wa ng'ambo hatujui amechinjwaje. Ilitupasa kusema, "Hatujui, tupe siku mbili tuulize." Badala yake tukasema kwa sauti ya mtu ajuaye, "Jambo la shaka liacheni. Kimwageni." Yule mama akaenda akakimwaga, mbele ya kijana wake aliyekinunua kwa mshahara wake wa kwanza. Kijana hakusema neno. Idi ilipopita aliondoka Newala bila ya kuja kutuaga, naye ni mtoto tuliyemshika mkono tukamfundisha kuandika alifu.

Haukupita muda, jirani yetu mmoja ambaye ni mwalimu wa sekondari aliiona chupa ile ile nyumbani kwa yule mama, sasa imetiwa mafuta ya taa. Akaigeuza akaisoma, kisha akaja kutusomea. Chachu iliyogandishia jibini ile haikutoka kwa mnyama hata kidogo, bali ilitokana na kuvu, na chini kabisa palikuwa na alama ya halali. Twakiri ya kuwa usiku ule hatukulala vizuri.

Kwa kuwa wako wasomaji watakaopatwa na swali kama hilo, na tueleze kwa ufupi. Jibini si kitu kigeni katika dini yetu. Imepokewa na Abu Daud kutoka kwa Ibn Umar ya kwamba Mtume, rehema na amani zimshukie, aliletewa jibini huko Tabuk, akataka kisu, akataja jina la Mwenyezi Mungu, akakata. Katika madhehebu ya Imam Shafi, ambayo ndiyo tufuatayo wengi wetu katika pwani na huku kusini, chachu ya tumboni mwa ndama ni tohara ikiwa ndama yule amechinjwa kwa sheria naye hajala kitu ila maziwa. Kwa mnyama asiyechinjwa kwa sheria wanachuoni walikhitilafiana, na Imam Abu Hanifa alikuwa na rai nyepesi zaidi. Hayo ni ya vitabuni. Lakini siku hizi jibini nyingi za viwandani hazigandishwi tena kwa tumbo la ndama. Ziko chachu zinazotokana na kuvu, na tangu mwaka 1990 Marekani iliruhusu chachu inayozalishwa na vijidudu vilivyotiwa chembe ya urithi ya ndama. Basi mtu hapaswi kukimbilia kusema halali wala haramu kabla ya kusoma au kusomewa karatasi iliyobandikwa juu ya chupa. Tungaliyajua haya kabla ya ile Alasiri, tungaliokoka.

Sasa kuna mdogo wake yule kijana, mtoto wa miaka tisa hivi, ambaye husoma kwetu. Siku moja katikati ya somo akainua mkono. "Maalimu," akasema, "kama ile chupa ilikuwa halali, tutapata wapi nyingine?" Wenzake wakacheka, nasi tukawanyamazisha, lakini jibu hatukuwa nalo. Mwenye kumwaga cha mtu ana deni. Chupa kama ile Newala haikuwako, na hata Masasi tuliulizia kwa wenye maduka makubwa wakatutazama tu. Ndipo tulipoazimia kuitengeneza wenyewe.

Mchuzi wa namna hii asili yake iko mbali. Watu wa mpaka baina ya Mexico na jimbo la Texas huko Marekani ndio mashuhuri kwa kuyeyusha jibini pamoja na pilipili, kisha wakachovya vipande vikavu vya mahindi. Lakini jibini ina tabia mbaya motoni: moto ukizidi, mafuta yake hujitenga na kuelea juu, na nyama yake hukusanyika ikawa nyuzi na mabonge. Wenye viwanda waliishinda tabia hiyo kwa kutia chumvi zitokanazo na tindikali ile ile iliyomo katika ndimu, chumvi ambazo hushikanisha mafuta na maji yasiachane. Mwaka 1916 bwana mmoja aitwaye James Kraft alipewa hati ya serikali ya Marekani kwa njia yake ya kupika jibini hata isiharibike upesi, na katika jibini za namna hiyo za kupikwa ndimo ilimotoka michuzi mingi ya chupa iuzwayo leo.

Hayo alitueleza yule mwalimu jirani. Ahali yetu aliposikia alituuliza swali moja tu, "Na maziwa je?"

Swali lake lilikuwa zito. Nchi yetu hii ya kusini tangu zamani haikuwa nchi ya ng'ombe. Mbung'o walizuia, na huku juu ya uwanda wa Makonde maji nayo yalizuia. Aijuaye Newala ajua ya kuwa mji umekaa ukingoni mwa uwanda, mtu akisimama Shimo la Mungu huona bonde lote hadi upande wa mto Ruvuma na nchi ya Msumbiji ng'ambo yake, lakini juu hapa udongo hunywa mvua yote usibakishe mto. Mama zetu waliteremka mabondeni kwa mtungi na kupanda tena. Katika hali hiyo nani angefuga ng'ombe? Mbuzi wako, nao huku kwetu hufugwa kwa nyama, ni wachache wenye desturi ya kuwakama. Kwa hivyo maziwa mabichi huku ni kitu cha kuagiza.

Tukaagiza lita mbili kutoka Masasi, zikapanda kilima pamoja na abiria katika dumu. Ahali yetu akayachemsha hata yakafura, akayaepua, akayatilia maji ya ndimu, vijiko vitatu vya mezani kwa kila lita, huku akikoroga polepole. Maziwa yakakatika: mabonge meupe huku, na maji ya rangi ya kijani-manjano kule. Akayachuja kwa kitambaa safi chembamba, akayafunga, akayabana chini ya jiwe kwa muda wa saa moja. Hiyo ndiyo jibini ya ndimu, haina chachu ya mnyama wala shaka yoyote, na kila nyumba yenye maziwa yaweza kuifanya. Katika kila lita hupatikana kiasi cha gramu 150 hadi 200, haitimii robo kilo. Maji yaliyochujwa hayamwagwi; yakikandiwa unga wa chapati, chapati huwa laini.

Lakini tulipoitia jibini hiyo sufuriani pamoja na pilipili tukingoja iyeyuke, haikuyeyuka. Ilizidi kukauka, ikawa punje punje kama mchanga uliolowa. Tulizidisha moto, tukafanya vibaya zaidi. Baadaye tulikuja kujua ya kuwa jibini iliyogandishwa kwa ukali wa ndimu haiyeyuki hata kwa moto wa namna gani, kwani ndivyo ilivyoumbika. Iyeyukayo ni ile ya chachu. Lita mbili za maziwa kutoka Masasi, na mwisho wake tulikula na chai.

Ahali yetu ndiye aliyeona njia. Alikumbuka bibi yake, aliyekuwa akitwanga korosho na kuzitia katika kisamvu badala ya nazi, kwani minazi huku juu si mingi kama pwani. Kisamvu kile, alisema, kilikuwa kizito na cha maziwa maziwa. "Kama mwataka kitu kinachofanana na jibini iliyoyeyuka," akasema, "mwakitafutia nini Masasi, nanyi mmelalia magunia yake?"

Maneno hayo yalituchoma, maana ni kweli. Mkorosho si mti wa asili yetu. Wareno waliuleta pande hizi za Afrika ya Mashariki kutoka Brazil katika karne ya 16, na wale wauitao mkanju wanatumia neno lenye asili ya Kireno. Lakini umetukubali, na mchanga wetu umeukubali. Msimu wa 1973/74 Tanzania ilivuna kiasi cha tani 145,000, na sehemu kubwa ilitoka Mtwara na Lindi. Kisha watu wakahamishiwa vijijini wakaacha mikorosho yao mbali, bei ikawa duni, ukaja na ugonjwa wa ubwiri unga unaokausha maua, na msimu wa 1986/87 mavuno hayakufika hata tani 17,000. Sisi tulikuwa vijana wakati ule na tunakumbuka mashamba yaliyomezwa na vichaka. Watafiti wa Naliendele, karibu na Mtwara, walifundisha watu kutumia salfa na kupanda miche bora, na mikorosho ikarudi. Msimu wa 2017/18 nchi ilivuna zaidi ya tani 300,000.

Pamoja na hayo yote, sehemu kubwa ya korosho zetu huondoka zikiwa ghafi, na maganda yake, kwenda India na Vietnam kubanguliwa huko. Viwanda vya kubangua vilijengwa miaka ya 1970, Masasi na Newala vikiwamo, lakini vingi vilisimama muda mrefu vikawa maghala. Tangu 2007 korosho huuzwa kwa stakabadhi ghalani: mkulima hupeleka chama cha msingi, zikapimwa, zikaingia ghala kuu, zikapigwa mnada. Utaratibu huo una wema wake na una ngojangoja yake, wala si kazi yetu kuuhukumu hapa. Tunalolisema sisi ni la chunguni. Tuliwauliza watoto wa chuoni, wote wana wa wakulima wa korosho, ni nani aliyekula korosho kwao wiki ile. Mikono iliyoinuka ilikuwa michache sana. Tukauliza nani aliyekula muhogo mkavu kwa chumvi. Hapo hapakubaki mkono chini.

Basi na twende jikoni. Tutaeleza kama tulivyofanya mara ya tatu, kwani ya pili iliungua.

Chukua kikombe kimoja cha chai cha korosho zilizobanguliwa na kumenywa ngozi yake ya ndani, zile nyeupe zisizokaangwa kwa chumvi. Usinunue nzima nzima. Vipande vilivyovunjika katika kubangua huuzwa kwa bei ndogo na akina mama wa vikundi vya ubanguaji, na kwa kazi hii vipande ndivyo bora, maana vyenda kusagwa vyote. Viloweke katika maji moto yaliyofunika juu kwa vidole viwili, tangu Adhuhuri hata Alasiri. Ukipitisha muda huo si neno, lakini usilaze kutwa na kucha katika joto, vitachacha. Mwaga maji hayo, suuza.

Kusaga ndiko kazi. Mwenye mashine ya umeme ya kusagia na atie humo pamoja na kikombe kimoja na nusu cha maji safi, asage hata asikie kati ya vidole vyake kuwa hakuna punje. Asiye na mashine, kama sisi, atatwanga kinuni kwanza bila maji, kisha atie maji kidogo kidogo huku akiponda, halafu achuje kwa kitambaa na kurudia kutwanga makapi. Ni mchi wa nusu saa, na mwenye nyumba asione haya kuushika mwenyewe. Sisi tuliushika, na wanafunzi wakapita wakatuona, na heshima yetu bado ipo.

Kisha katika sufuria tia kijiko kimoja cha mafuta, ukaange nusu kitunguu kilichokatwa kidogo kidogo, punje mbili za kitunguu saumu zilizopondwa, na pilipili. Katika pilipili kila nyumba ina dini yake. Pilipili mbuzi moja hutia harufu nzuri, na pilipili kichaa tatu hutia moto mtupu. Twapendelea pilipili mbuzi, iliyotolewa mbegu ikiwa kuna watoto. Tia bizari ya manjano robo ya kijiko cha chai, kwa rangi zaidi kuliko ladha. Vikishalainika bila kuwa vyeusi, mimina maziwa yale ya korosho, utie chumvi.

Hapo moto na uwe wa makaa machache, na mwiko usitoke mkononi. Korosho ina wanga wake mwenyewe, karibu robo ya uzito wake, na wanga huo ukipata moto huvimba na kuufanya mchuzi uwe mzito bila ya unga. Ndiyo sababu hushika chini upesi, na ndiyo sababu mara ya pili sisi tuliunguza, kwa kuwa tulikwenda kuitikia hodi. Ahali yetu anasisitiza kukoroga upande mmoja tu wa kulia. Sisi tulikoroga pande zote hatukuona tofauti, ila hatukumwambia. Dakika saba au nane zatosha. Mchuzi ukivaa mwiko na usidondoke mbio, epua. Utazidi kuwa mzito ukipoa, kwa hivyo epua ukiwa mwepesi kidogo kuliko utakavyo.

Ukishaepua, na si kabla, kamulia nusu ya ndimu. Ukali huo ndio unaoleta ile ladha ya jibini, nao ukichemshwa hupotea na kuacha uchungu. Mwenye maziwa mgando na atie vijiko viwili wakati huo. Na mwenye jibini ya ndimu, ile iliyotushinda kuyeyuka, asikate tamaa nayo: akiisaga pamoja na korosho tangu mwanzo, kiasi cha konzi moja, haihitaji tena kuyeyuka, imekwisha kuwa laini kwa kusagwa, na wanga wa korosho huishika isijitenge. Hapo ndipo lita zetu za Masasi zilipopata maana. Mchuzi wa jibini na korosho pamoja ndio uliokaribia sana ile chupa, ingawa hatukuwahi kuionja, na hilo ni la ajabu kidogo kulisema. Aliyeionja ni yule mtoto wa miaka tisa, ambaye alikiri kuwa alilamba kifuniko kabla mama yake hajamwaga. Yeye ndiye tuliyemfanya hakimu.

Mchuzi huu huliwa na muhogo wa kuchemsha au wa kukaanga, na viazi vitamu, na chapati, na samaki mkavu aliyechomwa. Mahali pake hasa, kwa rai yetu, ni katika ming'oko. Wageni wasiojua wafahamu kuwa ming'oko ni mizizi myembamba ya porini ichimbwayo huku kusini, huchemshwa na kuuzwa barabarani Mtwara, Newala na Masasi, na desturi ni kuichovya katika chumvi na pilipili kavu. Mwenye kuichovya katika mchuzi wa korosho atatuombea dua.

Yako mambo ya kujihadhari nayo. Muhogo uwe mtamu. Ule mchungu, ambao huvundikwa na kukaushwa kwanza, haufai kuchemshwa ukaliwa hivi hivi, una sumu. Korosho zenye ukungu au harufu ya mafuta yaliyoharibika zitupwe, hata kama roho inauma, kwani sumukuvu haifi kwa kupikwa. Mwenye kubangua nyumbani na ajue ya kuwa ganda lina mafuta makali yanayochubua ngozi na kudhuru macho kwa moshi wake. Kazi hiyo ifanywe nje, watoto wakae mbali upande utokako upepo, na mikono ipakwe majivu au mafuta. Wako watu wachache ambao miili yao haikubali korosho kabisa, huvimba midomo na kubanwa pumzi, basi mtoto aonjeshwe kidogo kwanza. Na nyumba isiyo na jokofu isilaze mchuzi huu. Uliwe siku ile ile.

Wako watakaouliza kama korosho ni badala ya maziwa kwa afya ya mtoto. Si badala kamili. Katika gramu 100 za korosho mna kiasi cha gramu 18 za protini na gramu 44 za mafuta, jambo ambalo muhogo hauna hata chembe ya kulinganisha. Lakini chokaa ya kujengea mifupa ni kidogo, chini ya nusu ya ile iliyomo katika uzito huo huo wa maziwa. Mwenye kupata dagaa na mboga za majani asiviache kwa ajili ya mchuzi wetu.

Na gharama? Korosho ghafi hutoa kiini cha karibu robo ya uzito wake, au pungufu. Kikombe kimoja cha vipande ni kama gramu 130. Kwa hivyo bakuli moja la kushibisha muhogo wa watu sita limekula kiasi cha gramu 600 za korosho ghafi. Mkulima ahesabu mwenyewe: akibakiza kilo 20 kabla ya kupeleka ghalani, watoto wake watachovya zaidi ya mara 30 mpaka msimu mwingine. Twajua zipo nyumba ambazo hata kilo 20 zimekwisha kuuzwa kwa kangomba, kwa bakuli, kabla hazijaanguka mtini, kwa sababu mtoto aliumwa au ada ilitakiwa. Kwa hao hatuna neno la kuwalaumu. Lakini zipo pia nyumba ambazo mabibo yote hugeuzwa uraka, na korosho zote fedha, na jikoni haingii kitu. Hao wanatusikia.

Yule kijana alirudi Newala mwezi wa Oktoba 2023, kumsaidia mama yake kuokota korosho. Tulipopata khabari tulimwomba mama yake ruhusa ya kuja kwao baada ya Magharibi, nasi na ahali yetu tukaenda na bakuli limefunikwa kwa kawa. Kijana alitoka nje akatuamkia, "Shikamoo, maalimu," macho yako chini. Tukaitika, kisha tukamwambia mbele ya mama yake na mdogo wake ya kwamba chupa yake ilikuwa halali, na kwamba tulihukumu bila ya kusoma, na kwamba tunamwomba atusamehe. Hatukuwa tumewahi kumwomba mwanafunzi radhi kabla ya siku ile. Ulimi ulikuwa mzito.

Hakujibu upesi. Alikaa mkekani, akafunua kawa, akachukua kipande cha muhogo akachovya, akala. Akachovya tena. Mdogo wake akawa anamtazama usoni kama mtu angojaye matokeo ya mtihani.

"Maalimu," akasema, "pilipili mmeionea huruma."

Ahali yetu akacheka, akainuka kwenda uani kumwuliza mama yake kama anayo pilipili mbuzi nyingine.